Mita ya Wingu Iko kwa Muuzaji

"Mfugaji, chanjo ya ng'ombe itatolewa Jumamosi saa 2 asubuhi kwenye josho la kijiji. Njoo na kadi yako. Ndama wa chini ya miezi mitatu wabaki nyumbani."

Meseji hiyo ina herufi 150, ukihesabu na nafasi zilizo kati ya maneno. Tuseme chama cha ushirika cha wafugaji kinaituma kwa wanachama 2,000 kupitia programu ya wingu, yaani programu inayokaa kwenye mitambo ya mwenye nayo, wewe ukaifikia kwa intaneti na kulipa kadiri unavyotumia. Meseji moja ya simu hubeba herufi 160, kwa hiyo chama kinatarajia kulipia meseji 2,000. Ankara inakuja imeandikwa 6,000.

Hakuna aliyeiba. Katibu aliandika tangazo kwenye Microsoft Word, akalinakili na kulibandika. Word iliigeuza ritifaa ya "ng'ombe" kutoka ile iliyonyooka ikawa ile iliyopinda, kama inavyofanya kwa kawaida. Ritifaa iliyonyooka imo katika jedwali la herufi ambalo simu za GSM zilianza nalo, iliyopinda haimo. Herufi moja tu ikikosekana humo, meseji nzima huhamishiwa kwenye mfumo wa Yunikodi, ambamo kila herufi hula nafasi kubwa zaidi, na ndani ya baiti 140 za meseji moja zinaenea herufi 70 tu. Ujumbe ukizidi hapo hukatwa vipande, kila kipande kikabeba herufi 67, maana nafasi inayobaki huchukuliwa na maelezo ya kuviunga vipande kwenye simu ya mpokeaji. Herufi 150 zinatoa vipande vitatu. Mfugaji ameona tangazo moja, mita ya mtoa huduma imeona matatu, na kila upande unasema kweli.

Baadhi ya watoa huduma hurekebisha herufi za namna hiyo kabla ya kutuma, mteja hata asijue. Wengine huziacha kama zilivyo na kutoza. Bei kwa meseji inaweza kuwa ileile kwa wote wawili.

Mazungumzo yetu kuhusu gharama za programu za wingu huishia kwenye bei hiyo: shilingi ngapi kwa meseji, dola ngapi kwa saa. Bei ndiyo iliyo kwenye tangazo. Lakini fedha zitakazotoka mfukoni zinaamuliwa na kipimo: kinahesabiwa kitu gani, kinahesabiwa wapi, na ni nani anayeweza kuihakiki hesabu hiyo. Anayechagua kipimo ameshapanga nusu ya bei kabla hamjakaa kuzungumza.

Wakulima wa viazi wanalijua jambo hili kuliko wataalamu wengi wa kompyuta. Miaka nenda miaka rudi wamepigana na lumbesa, lile gunia linaloongezewa kilemba juu na kushonwa kwa kamba huku likiendelea kuitwa gunia moja. Bei ya gunia ikipanda, gunia nalo linanenepa, na mkulima anarudi nyumbani na kilekile. Dhidi ya hila za namna hiyo Tanzania ina Sheria ya Vipimo na Wakala wa Vipimo, ambao hukagua mizani za sokoni, pampu za mafuta na dira za maji. Mita ya programu za wingu haina mkaguzi. Imeandikwa na muuzaji, inakaa kwa muuzaji, inasomwa na muuzaji, na mteja hupokea jumla.

Wazo la kuuza kompyuta kama huduma lina umri mkubwa. Mwaka 1961, chuo cha MIT cha Marekani kilipoadhimisha miaka 100, mtaalamu wa kompyuta John McCarthy alisema siku moja uwezo wa kompyuta unaweza kupangwa kuwa huduma ya umma kama ilivyo simu. Miaka ya 1960 na 1970 kampuni za Marekani ziliuza muda kwenye kompyuta moja kubwa kwa wateja wengi, zikihesabu sekunde za prosesa na muda mteja aliokaa ameunganishwa. Kisha kompyuta zikawa ndogo na rahisi, kila ofisi ikanunua zake, na hesabu hizo zikasahaulika kwa muda.

Zilirudi kwa nguvu mwaka 2006. Machi mwaka huo Amazon ilianza kuuza nafasi ya kuhifadhi mafaili kwa senti 15 za dola kwa gigabaiti kwa mwezi. Agosti ikafuata huduma ya kukodisha kompyuta kwa senti 10 kwa saa. Kompyuta hizo za kukodi, ambazo leo zinaendesha sehemu kubwa ya intaneti, zilijengwa Afrika: kikosi kidogo cha wahandisi chini ya Chris Pinkham, raia wa Afrika Kusini aliyetaka kurudi kwao, kiliijenga huduma hiyo kikiwa Cape Town.

Senti 10 kwa saa ilikuwa bei ya kushangaza, na haki yao wapewe. Ila saa yenyewe ilikuwa na lumbesa yake. Saa iliyoanza ilihesabiwa nzima. Kazi ya dakika 61 ililipiwa saa mbili. Ukiwasha mashine mara tatu ndani ya saa moja, kila mara kwa dakika tano, ulilipia saa tatu kwa kazi ya robo saa. Hali hiyo ilidumu miaka 11. Oktoba 2017 ndipo Amazon ilipoanza kuhesabu mashine zinazotumia mfumo wa Linux kwa sekunde, kima cha chini kikiwa sekunde 60, na Google ilifanya hivyo wakati uleule. Katika huduma nyingine ya Amazon, ile ya kuendesha vipande vidogo vya programu bila kukodi kompyuta nzima, muda ulipandishwa hadi kufikia milisekunde 100 zinazofuata, na ikawa hivyo hadi Desemba 2020. Kipande kilichomaliza kazi kwa milisekunde 28 kililipiwa 100. Walipogeuza kipimo kuwa milisekunde moja, ankara za wateja wengi zilishuka, na bei iliyotangazwa haikuguswa.

Kenya ilikuwa imeshalipata somo hili. Safaricom ilipoingia sokoni mwaka 2000 chini ya Michael Joseph, ilichagua kutoza simu kwa sekunde wakati mshindani wake, Kencell, akitoza kwa dakika. Mwenye shilingi chache aliyetaka kusema tu "nimefika salama" alikuwa anamlipia Kencell sekunde ambazo hakuongea. Uamuzi ule unatajwa hadi leo miongoni mwa sababu zilizoiwezesha Safaricom kuliteka soko, na ni uamuzi wa kipimo, wala hauhusu minara au rangi ya vocha.

Sasa tuingie ndani ya mita yenyewe, maana humo ndimo makosa yanamozaliwa.

Kila mteja anapofanya jambo linalolipiwa, programu huandika mstari mmoja: mteja nani, kitu gani, kiasi gani, lini. Mistari hiyo husafiri kwenda kwenye kanzidata ya hesabu, hujumlishwa, huzidishwa kwa bei, ikawa ankara. Ukisikia hivyo utasema ni kazi ya karani. Lakini mtandao hukatika. Programu iliyotuma mstari na isipate jibu haijui kama mstari ulifika au ulipotea njiani. Ikinyamaza, huenda muuzaji akakosa fedha yake. Ikituma tena, huenda mteja akatozwa mara mbili. Dawa yake wahandisi wanaifahamu: kila mstari upewe kitambulisho chake cha pekee pale pale tukio linapotokea, kisha kanzidata ikatae kitambulisho ilichokwisha kukipokea. Ni hatua moja ndogo ya ziada katika programu. Kampuni iliyoiruka itaendelea vizuri kwa miezi, hadi siku mtandao utakapoyumba wakati wa kazi nyingi, na wateja wake wakubwa kuliko wote ndio watakaotozwa mara mbili.

Kuna pia suala la saa. Simu ya ofisa mauzo aliye Mpanda inaweza kukosa mtandao siku mbili na kupeleka kumbukumbu zake tarehe 2, zikiwa za tarehe 30. Ankara ya mwezi imeshatoka. Je, zihesabiwe mwezi gani? Na mwezi wenyewe unafungwa saa ngapi? Amazon huhesabu kwa saa za UTC, kwa hiyo kwetu Afrika Mashariki mwezi wake unaisha saa tisa usiku. Google Cloud hufuata saa za pwani ya magharibi ya Marekani, kwa hiyo mwezi wake hufungwa kwetu saa nne au saa tano asubuhi, kutegemea majira yao. Mhasibu wa Dodoma anayejaribu kulinganisha ankara hizo na daftari lake, ambalo linafungwa usiku wa manane, atapata tofauti kila mwezi na hataielewa asipoambiwa. Hata gigabaiti ina maana mbili: wapo wanaohesabu baiti bilioni moja kamili, wapo wanaohesabu 1,073,741,824, na kati ya hizo mbili kuna tofauti ya zaidi ya asilimia 7.

Tofauti ndogo namna hiyo ndiyo iliyozaa kisa ninachokipenda kuliko vyote katika historia ya kompyuta. Agosti 1986 Clifford Stoll, mtaalamu wa elimu ya nyota ambaye fedha za utafiti wake zilikuwa zimekwisha, alihamishiwa kituo cha kompyuta cha Maabara ya Lawrence Berkeley huko California. Maabara iliwatoza wanasayansi wake muda waliotumia kwenye kompyuta, na hesabu za mwezi hazikulingana kwa senti 75. Wengi wangezifuta. Stoll alizifuatilia. Akakuta kuna mtumiaji ambaye hakuwa na anwani ya kutozwa, na nyuma yake kuna mtu aliyekuwa akiingia kwa siri na kupitia hapo kuzifikia kompyuta za jeshi la Marekani. Ufuatiliaji ulichukua miezi, ukavuka bahari, ukaishia Hannover, Ujerumani Magharibi, kwa kijana aitwaye Markus Hess, ambaye yeye na wenzake walikuwa wakiuza walichokipata kwa KGB, shirika la ujasusi la Umoja wa Kisovieti. Walitiwa hatiani mwaka 1990.

Husimuliwa kama kisa cha ujasusi. Mimi naona hesabu zaidi. Senti zile 75 zilionekana kwa sababu maabara ilikuwa na mifumo miwili ya kuhesabu: mmoja uliokuja na Unix, mfumo uliokuwa ukiendesha kompyuta hizo, na mwingine ulioandikwa hapo hapo maabara. Mvamizi alijiongeza katika mmoja, mwingine ukabaki bila habari zake. Kama hesabu ingekuwa moja tu, isingekuwapo ya kuisuta, na mtu yule angeendelea kuingia na kutoka.

Mteja wa leo wa programu za wingu ana hesabu moja tu, ya muuzaji. Mapema mwaka 2024 mhandisi mmoja wa Poland alifungua hifadhi ya mafaili kwenye Amazon kwa majaribio, akaiacha tupu. Baada ya siku chache akakuta deni la zaidi ya dola 1,300. Kumbe programu fulani inayotumiwa na watu wengi ilikuja na jina la mfano la hifadhi, na jina hilo lilikuwa sawasawa na alilochagua yeye. Kompyuta za watu asiowajua zilikuwa zinabisha hodi kwake karibu mara milioni 100 kwa siku moja. Zote zilikataliwa, na kila kukataliwa kulihesabiwa kwenye ankara yake. Kwa masharti ya wakati ule mita ilikuwa sahihi: maombi yalifika, yalijibiwa, yalitozwa. Alipoeleza hadharani watu walipigwa na butwaa, Amazon ikafuta deni lake, na Mei 2024 ikatangaza kwamba maombi yaliyokataliwa ya namna hiyo hayatatozwa tena. Kanuni iliyodumu miaka mingi ilibadilika kwa sababu mteja mmoja alisoma ankara yake na kuuliza.

Vipimo vipya vinavyokuja vinanipa wasiwasi zaidi, kwa kuwa vinazidi kuwa vigumu kuonekana. Zamani programu nyingi za wingu ziliuzwa kwa kichwa: watumishi 20, leseni 20 kwa mwezi, kama ilivyofanya kampuni ya Salesforce, iliyoanzishwa mwaka 1999. Hesabu hiyo hata mlinzi wa getini angeihakiki. Kwenye akili mnemba kampuni hutoza kwa tokeni, na sizungumzii zile tarakimu 20 za LUKU, umeme wa kulipia kabla. Tokeni hapa ni kipande cha neno. Kompyuta imefundishwa kukata maneno kwa kutumia maandishi ambayo mengi ni ya Kiingereza, kwa hiyo neno la kawaida la Kiingereza mara nyingi hubaki zima, wakati neno kama "hawatatuandikia" hukatwa vipande kadhaa. Maana ileile ikiandikwa kwa Kiswahili hutumia tokeni nyingi kuliko ikiandikwa kwa Kiingereza. Bei kwa tokeni kwa kawaida ni moja duniani kote. Kampuni ya Arusha inayojenga msaidizi wa wagonjwa kwa Kiswahili inalipa zaidi kuliko ya London kwa mazungumzo yaleyale, na ukurasa wa bei hausemi hivyo.

Kampuni ya Intercom nayo ilianza mwaka 2023 kumtoza mwenye biashara senti 99 za dola kwa kila swali la mteja ambalo msaidizi wake wa akili mnemba amelitatua. Inavutia: lipa kazi ikifanyika. Lakini nani anasema kazi imefanyika? Katika masharti yao, mteja akithibitisha kuwa amesaidiwa, imehesabiwa; na akiondoka bila kuomba msaada zaidi, hiyo pia inaweza kuhesabiwa. Kila aliyewahi kukata simu kwa kuchoka kusubiri anajua kuna sababu nyingi za kuondoka.

Juu ya hayo yote kuna shilingi. Mita kubwa za wingu zinahesabu kwa dola. Januari 2024 dola moja ilikuwa karibu shilingi 160 za Kenya. Miezi michache baadaye ilikuwa karibu 130. Kampuni ya Nairobi isiyobadilisha matumizi yake hata chembe iliona gharama ikiyumba kiasi hicho. Nchini Tanzania, kanuni zilizotangazwa Machi 2025 zinakataza kupanga bei za bidhaa na huduma za ndani kwa fedha za kigeni. Ni sawa kabisa kwa mnunuzi. Ila mwandishi wa programu wa Dar es Salaam sasa anamtoza mteja wake kwa shilingi huku seva zake zikimtoza yeye kwa dola, na pengo lililo kati ni lake peke yake. Asipojua kwa hakika kila mteja anakula seva kiasi gani, atagundua mwisho wa mwaka kwamba mteja aliyempenda kuliko wote ndiye aliyekuwa akimtia hasara.

Ulinzi upo, na baadhi yake tumeshaujaribu wenyewe. Kelele za vifurushi vya simu zilipozidi, mwaka 2021 kanuni za Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania ziliwataka watoa huduma wamjulishe mteja matumizi ya kifurushi yanapofikia asilimia 75 na kinapokwisha. LUKU nayo hukata umeme uniti zikiisha. Inaudhi, lakini haikuachii deni. Wingu halina tabia hiyo. Onyo la bajeti kwenye Amazon peke yake halizimi kitu, na takwimu zinazolilisha husasishwa mara chache kwa siku, kwa hiyo programu iliyoharibika usiku inaweza kula fedha kwa saa nyingi kabla baruapepe ya onyo haijafika. Kuzima huduma za hospitali ghafla ni hatari, naelewa. Basi mteja achague: hii izimwe ikifika hapa, hii isiguswe.

Upande wa hesabu kuna hatua njema. Juni 2024 taasisi ya FinOps Foundation ilitoa toleo la kwanza kamili la muundo uitwao FOCUS, unaoziwezesha kampuni tofauti za wingu kuandika takwimu za matumizi na gharama kwa safu zilezile. Amazon, Microsoft, Google na Oracle wameukubali. Mhasibu anaweza kuweka ankara mbili kando kwa kando na kuzisoma kwa macho yaleyale. Hata hivyo bado ni hesabu ya muuzaji, iliyopangwa vizuri zaidi.

Ninachokitaka kwa wanaonunua programu hizi, serikali ikiwa ya kwanza kwa kuwa ndiyo mnunuzi mkubwa, ni kuandika kipimo ndani ya mkataba kwa ukamilifu kama tunavyoandika bei. Meseji ni nini. Saa inaanza lini na ikikatika katikati inakuwaje. Ombi lililoshindikana linatozwa au halitozwi. Mwezi unafungwa kwa saa za wapi. Kosa likigundulika baada ya ankara, lisahihishwe kwa hati ya kurudisha fedha inayoonekana, wala mistari ya zamani isifutwe. Na mnunuzi aweke hesabu yake mwenyewe, hata iwe ya juu juu: programu yake ihesabu meseji inazozituma kabla hazijatoka ofisini.

Kwa wenzetu wanaoandika programu hizi Dar es Salaam, Nairobi na Kigali, ambao sasa ndio wauzaji wenye mita, kazi ni nyepesi wakiianza kabla ya ankara ya kwanza na ni ngumu mno wakiianza baada ya ugomvi wa kwanza. Ukimtoza mtu kwa miamala 412, awe na kitufe cha kupakua faili lenye mistari 412, kila mmoja na kitambulisho chake, saa yake ya mahali alipo mteja, na jina la mtumishi aliyeufanya.